Chuo cha Kufuma Dunia, Tawi la Butembo

Mpwa wangu ameshachagua chuo kikuu. Tatizo ni moja tu: chuo chenyewe hakipo. Kimo ndani ya hadithi anayoifuata kwenye simu usiku, umeme ukiwepo, na humo wanafunzi hawasomi sheria wala ualimu wala udaktari. Wanasoma kufuma. Nao hawafumi masweta ya baridi yetu ya Butembo; wanafuma dunia yenyewe. Mwaka wa kwanza wanafundishwa kuziona nyuzi zinazoshikilia vitu: mlima, mto, saa, kumbukumbu. Mwaka wa pili wanatia viraka palipotoboka. Anayefika mwaka wa mwisho anakaa mbele ya mtambo, anavuta uzi mmoja, na kijiji ambacho asubuhi hakikuwepo, jioni kinafuka moshi wa jikoni.

“Tonton,” akaniambia, “mimi nataka kusoma vile.”

Nikamuuliza minervali, yaani ada ya masomo, ni dola ngapi. Hakujua. Hapo hapo nikatambua kwamba chuo hicho ni cha uongo mtupu, kwa sababu katika nchi hii mtu anaweza kutojua jina la rekta, jina la somo, hata jina la mke wake akiwa amechoka, lakini minervali anaijua.

Kwa kuwa mimi ni mtu wa haki, nilichunguza kwanza kabla ya kukasirika. Vyuo vya namna hiyo vimejaa kwenye vitabu vya Wazungu. Ursula K. Le Guin wa Marekani alijenga cha kwake mwaka 1968, kwenye kisiwa kiitwacho Roke. Terry Pratchett wa Uingereza akafungua chake mwaka 1983, na maprofesa wake wanasifika kwa kula kuliko kwa kufundisha. Hao niliwaamini mara moja. Mwaka 1997 akaja J. K. Rowling na shule yake ya ngome na treni. Humo kuna fimbo, joho, mazimwi na watu wanaogeuka wanyama. Lakini sikukuta ukurasa ambapo mjomba anapigiwa simu usiku kuambiwa kwamba kesho ndiyo mwisho wa kulipa enrôlement, yaani ada ya kuruhusiwa kufanya mtihani wa masomo ambayo tayari umeyalipia minervali. Wachawi wa kigeni wamepiga hatua katika mengi, ila fani hii bado hawajaifikia.

Ndoto ya mtoto hainikeri. Kinachonikera ni kuagiza kutoka nje kitu tunachokitengeneza hapa hapa. Najua ndiyo tabia yetu: tunauza mbao, kisha tunakalia viti vya plastiki. Lakini chuo cha kufuma dunia? Hicho tunacho. Kampasi kuu iko huku juu Butembo kwenye baridi, tawi liko Beni kwenye joto, kilomita 54 kuelekea kaskazini. Ikweta nayo inapita kusini kidogo ya mji, kwenye barabara ya Lubero, ili mambo yakipinda pawe na mstari wa kupimia. Mtihani wa kuingia hakuna. Ukizaliwa, umeandikishwa.

Nianze na wale wanaosoma kwenye vyuo vyenye paa na madirisha, maana hata huko kazi ya kufuma imeshika kasi. Sisi wa zamani tulisoma graduat miaka mitatu, kisha licence miaka miwili, na aliyefika licence alirudi kijijini akachinjiwa mbuzi. Katika mwaka wa masomo 2021-2022 nchi ikaingia rasmi katika mfumo wa LMD, na licence ikateremshwa mpaka pale ilipokuwa graduat, ya miaka mitatu. Nililala nikiwa lisansie, nikaamka bado lisansie, ila miaka yangu miwili imeyeyuka. Hakuna aliyekuja nyumbani kuichukua. Uzi ulivutwa Kinshasa, na mimi nikafumuka huku Butembo. Nikiuliza, naambiwa diploma yangu ina thamani ile ile. Nashukuru. Mbuzi yule lakini alikuwa wa miaka mitano.

Kisha kuna suala la majina. Kwetu Wanande mtoto wa kiume wa pili ni Kambale, wa tatu ni Kasereka, na kadhalika; zamu yako duniani imeandikwa kabla hujalia mara ya kwanza. Ni utaratibu mzuri nyumbani. Kwenye valvu, pale yanapobandikwa matokeo, ni balaa. Ukuta mzima ni Kambale. Kijana wa mtaani kwetu alifaulu hesabu ambazo hakuzifanya, huku Kambale mwingine akipata sifuri kwa uvivu usio wake. Wote wawili wakaenda kulalamika, wakaambiwa sesyoni ya pili itarekebisha. Sesyoni ya pili nayo ina ada yake. Mvulana wa sifuri akalipa, na yule aliyefaulu akaamua kwamba Mungu ana njia zake.

Lakini hayo ni ya wanaoanza. Fakulte kubwa ziko mitaani, na sisi watu wazima ndio wanafunzi wake.

Chukua Fakulte ya Wakati. Shuka mpaka Kasindi, vuka daraja la Lubiriha uingie Mpondwe upande wa Uganda, na kati ya hatua moja na nyingine saa nzima imepotea. Ulitoka saa mbili, umefika saa tatu, na mfukoni hakuna aliyekuibia. Huku nyuma, Kinshasa iko nyuma yetu kwa saa moja. Kwa hiyo sisi wa Kivu tunaishi katikati: Waganda wameshafungua ofisi, Kinshasa bado wanajinyoosha kitandani. Nimeacha kuwalaumu wakubwa wa kule kwamba wanachelewa kutusikia. Mtu anayeishi saa moja nyuma yako, yanayokupata sasa atayajuaje?

Na hiyo ni kazi ndogo ya mwaka wa kwanza. Kazi ya udaktari wa fakulte hii ilianza tarehe 6 Mei 2021, siku ambayo Kivu Kaskazini na Ituri ziliwekwa chini ya état de siège, utawala wa dharura wa kijeshi, gavana akawa mwanajeshi na mameya wakavaa sare. Tuliambiwa ni siku 30. Siku 30 zilipoisha zikaongezwa 15. Zile 15 zikaongezwa 15. Mwaka ukapita, wa pili ukapita, wa tatu ukapita, na sisi bado tumo ndani ya zile siku 30. Einstein alifundisha kwamba muda hurefuka kwa mtu anayekimbia karibu na mwendo wa mwanga. Kwetu umerefuka tukiwa tumekaa. Kuhusu waliouawa kabla ya siku hizo na ndani yake, upande wa Beni tangu Oktoba 2014, sina utani. Naomba tu siku zihesabiwe sawasawa, kwa kuwa kila moja ina watu wake.

Inafuata Fakulte ya Mageuzi. Kule Roke, katika kitabu cha Le Guin, mwalimu anamwonya mwanafunzi: kuligeuza jiwe lionekane almasi ni mchezo, lakini kuligeuza liwe almasi kweli kweli ni kuitikisa mizani ya dunia nzima. Ningependa mwalimu huyo apumzike kidogo Kasindi, anywe soda, atazame. Dhahabu inatoka mashimoni ikiwa Mkongo, inavuka mpaka kimya kimya, na ikifika kwenye ndege ya kwenda Dubai ni Mganda wa kuzaliwa, mwenye karatasi zote. Wataalamu wa Umoja wa Mataifa wameandika jambo hilo ripoti baada ya ripoti, kwamba Uganda inauza nje dhahabu nyingi kuliko inayoichimba. Kakao nayo ni hivyo hivyo: inalala upande wa Beni ikiwa yetu, inaamka Bundibugyo ikiwa yao, tena imeota harufu nzuri zaidi, kwa kuwa bei ya huko imeipaka mafuta. Na mizani ya dunia je? Imetikisika kidogo, upande wetu tu.

Fakulte ya Barabara sitakaa nayo sana, maana hata ukikaa huendi popote. Unatoka mjini, unakuta kizuizi, unalipa, unapewa risiti yenye mhuri. Risiti imechapwa vizuri, mistari imenyooka, haina shimo hata moja. Katika safari nzima hicho ndicho kitu pekee kilicho laini. Kwa muda mrefu nilidhani tunaibiwa. Sasa nimeelewa kwamba barabara ipo, tena ni nzuri, ila imejengwa ndani ya risiti, na gari ndilo halijafundishwa kuingia humo.

Hayo yote ni mepesi. Tuje kwenye fakulte inayonikosesha usingizi, Fakulte ya Noti.

Kwa msomaji wa mbali, nieleze. Huku kwetu kodi ya nyumba ni dola, minervali ni dola, mahari tunajadiliana kwa mbuzi lakini mwishoni tunahesabu dola. Faranga tunazo, ila noti yake kubwa kabisa ni ya 20,000, kwa hiyo mwenye shughuli ya maana anatembea na furushi. Ndiyo maana makambisti wamekaa kando ya barabara nyuma ya meza zao, faranga zimepangwa mafungu mafungu mithili ya matofali yanayosubiri fundi. Unatoa dola, unapewa ukuta.

Lakini si kila dola. Dola ya Butembo lazima iwe bikira. Isiwe imekunjwa sana, isiwe imeandikwa na kalamu, isiwe ya zamani yenye kichwa kidogo, na juu ya yote isiwe imepasuka. Sisemi kukatika vipande. Nasema mpasuko mdogo ukingoni, ambao mimi kwa miwani yangu siuoni, na mama muuza unga anauona akiwa amenipa mgongo. Anaichukua noti yangu ya 20, anainyoosha juani, anapitisha kidole gumba pembeni taratibu, kama daktari anayetafuta mahali panapouma. Kisha anairudisha.

“Papa, hii haipite.”

“Haipite kwa nini?”

“Imepasuka.”

Nimesoma kwamba kule Marekani, noti hiyo ilikozaliwa, ukiwa na zaidi ya nusu yake waziwazi benki inakubadilishia. Nusu! Mimi nina noti yote kasoro unywele. Serikali ya Marekani bado inaitambua. Hakuna sheria ya Kinshasa ninayoijua inayosema mpasuko wa ukingoni unaua dola 20. Basi nani ameiua?

Nilimuuliza yule mama: “Wewe mwenyewe unaona haifai?”

“Mimi naona inafaa,” akajibu kwa upole. “Lakini wengine watakataa.”

Nikaenda kwa kambisti. Akaitazama, akasikitika pamoja nami. Yeye hana shida na noti hii. Shida ni wengine. Kama nataka kumsaidia na yeye anisaidie, ataichukua kwa bei ya chini, kwa ajili ya usumbufu atakaoupata kwa hao wengine. Nikaenda kwa muuza vikwembe: yeye pia hana neno, ila wengine. Nikaenda kwa mwenye duka la dawa: wengine. Nimewatafuta hao wengine katika komuni zote za mji huu, Kimemi, Mususa, Vulamba, Bulengera, sijawaona. Kila niliyekutana naye ni mtu mwema anayeipenda noti yangu na kuwaogopa watu ambao naye hajawahi kukutana nao. Nikirudi nyumbani mke wangu ananiuliza mbona nimerudi na noti. Namwambia wengine wamekataa. Ananitazama, kisha ananikumbusha kwamba wiki iliyopita mimi mwenyewe nilimrudishia mpangaji wetu noti ya 10. Hiyo ilikuwa tofauti. Ile ningeipokea vizuri tu, niliwafikiria wengine.

Sasa weka kando noti, tuingie katika idara ya mwisho, ambayo mwalimu wake mkuu hana jina.

Anafanya kazi usiku. Asubuhi mlinzi anaokota karatasi mlangoni: trakti. Haina sahihi. Haina mhuri. Ina makosa ya tahajia katika lugha mbili. Imeandikwa kwamba kesho, au leo, au siku tatu mfululizo, ni ville morte: hakuna duka, hakuna shule, hakuna pikipiki. Na mji wa mamia ya maelfu ya watu, mji ambao ungeuza hata kivuli kama kingepimika kwa kilo, unakufa. Bulvadi inakuwa tupu mpaka unasikia kuku wa mtaa wa pili. Makufuli yamening'inia. Pikipiki ambazo jana zilikuwa zinapita juu ya vidole vyako, leo hujui zimezikwa wapi.

Mimi siku hizo hutoka mpaka getini. Jirani yangu, ambaye ana duka la vipuri, naye huwa getini kwake.

“Unafungua?” namuuliza.

“Nikikuona wewe umefungua.”

“Mimi nikikuona wewe.”

Basi tunasimama hivyo, wanaume wawili wenye funguo mikononi, kila mmoja akiwa tayari kabisa, mpaka saa sita mchana tunaingia ndani kula. Redioni wakubwa wametangaza kwamba shughuli ziendelee kama kawaida. Tangazo lina cheo, lina jina, lina sahihi, limesomwa kwa Kifaransa na Kiswahili. Hakuna aliyefungua. Nisieleweke vibaya: mara nyingi ville morte huitishwa kwa ajili ya waliochinjwa huko Beni, na siku hizo nafunga bila kumuuliza jirani. Na najua kwamba anayefungua anaweza kupigwa mawe. Lakini wanaorusha mawe ni vijana wachache, na mji ni mkubwa. Mawe hayafiki kila mlango. Kinachofika kila mlango ni ile karatasi.

Hapo ndipo mtaala wa chuo chetu ulipoanza kunifungukia. Amri yenye mihuri mitatu inatoka Kinshasa, inapita juu ya vichwa vyetu na kuendelea na safari yake. Karatasi isiyo na baba wala mama inaanguka uani, na mji unazimika. Noti inayotambuliwa na Marekani nzima inakufa mikononi mwa mama muuza unga kwa sababu ya watu wasioonekana. Somo ni lile lile. Huku kwetu kitu kinakuwa kweli pale kila mtu anapoamini kwamba wengine wameshakiamini. Ndiyo nyuzi zote. Hakuna fimbo wala joho.

Na ndicho kinachoniudhi zaidi: tuna kipaji hiki kikubwa, halafu tunakitumia kuua noti nzima na kufungia maduka. Ni watu wa kufuma dunia sisi, lakini siku nyingi tunafuma makufuli.

Siku nyingi, nimesema. Kuna siku nyingine.

Mwaka 1989 Mobutu alikuwa bado anatawala Zaire, na kijana wa Butembo aliyetaka chuo kikuu alifunga mzigo akaenda mbali, Kisangani au zaidi ya hapo. Askofu Emmanuel Kataliko, aliyeliongoza jimbo la Butembo-Beni tangu 1966, alikuwa mtu wa kuwasukuma waumini na wafanyabiashara wajitengenezee mambo bila kungoja serikali iamke. Mwaka huo jimbo likaanzisha Université Catholique du Graben. Fikiria wazazi wa mwaka wa kwanza. Walilipa ada za chuo kisicho na mzee hata mmoja aliyesoma humo. Yeyote kati yao angeweza kusema: mimi naamini, lakini wengine hawatalipa. Walikuwa Wanande, tena wafanyabiashara, watu ambao mkono wao haufunguki ovyo. Wakalipa. Leo daktari wa mifugo anayekuja kumtazama ng'ombe wako, au wakili anayekutoza kwa kukueleza kwamba shamba limeshapotea, huenda amesoma kwenye chuo kile cha 1989. Baada yake vimekuja vingine, cha Assomption na kile rasmi cha Ruwenzori hapa Butembo, na Beni wana UCBC tangu 2007, inayofundisha kwa Kifaransa na Kiingereza. Ndiyo maana mpwa wangu nitamlipia hapa hapa, enrôlement pamoja na yote, huku nikinung'unika. Kunung'unika kumo ndani ya ada.

Na kuna tarehe 30 Desemba 2018. Watu wa Kongo walikuwa wanakwenda kupiga kura ya rais baada ya kungoja miaka miwili zaidi ya muda. Siku nne kabla, tume ya uchaguzi ikatangaza kwamba Beni, Butembo na viunga vyake, pamoja na Yumbi kule magharibi, hazitapiga kura mpaka Machi. Kwetu sababu zilizotolewa zilikuwa Ebola na ukosefu wa usalama. Ebola ilikuwepo kweli; ilitangazwa tarehe 1 Agosti mwaka huo kuanzia Mangina, na kabla ya kuisha Juni 2020 iliua zaidi ya watu 2,200. Hatukuwa tunaikana. Lakini soko lilikuwa wazi, makanisa yalikuwa wazi, shule zilikuwa zimefanya kazi, mikutano ya kampeni watu walibanana. Ugonjwa ulikuwa umepewa maelekezo ya kushambulia foleni ya kura peke yake. Zaidi ya wapiga kura milioni moja wakafutwa, na rais akaapishwa tarehe 24 Januari 2019. Machi ilipofika, tarehe 31, tulipiga kura ya wabunge tu. Ya rais ilikuwa imeshaliwa.

Hapo Kinshasa walikuwa wametoa kazi safi ya kufuma: eneo zima limetolewa kwenye kitambaa na mshono hauonekani. Mtu angetazamia Beni wafanye nini? Kufunga maduka, bila shaka. Walifanya jambo jingine. Tarehe 30 ile ile wakajitengenezea uchaguzi wao. Masanduku yao, karatasi zao, wasimamizi wao. Watu wakanawa mikono kwa sababu ya Ebola, wakapanga foleni, wakapiga kura na kuhesabu. Hakuna aliyewaahidi kwamba kura hizo zitaingia popote, na hazikuingia. Kila mmoja katika foleni ile angeweza kubaki nyumbani akisema wengine hawatakuja. Walikuja. Na kwa siku moja Beni ulikuwa mji unaopiga kura, ingawa karatasi yenye mhuri ilisema haupigi. Mimi naichukua hiyo kuwa tasnifu bora kabisa iliyowahi kutetewa katika tawi la Beni. Jopo la Kinshasa liliipa sifuri, lakini jopo hilo tunalijua. Hata yule Kambale wa sifuri angemaliza sesyoni ya pili mbele yao na asiitwe jina.

Niliyaeleza haya kwa jirani yangu, siku moja ya mji mfu tukiwa getini na funguo zetu. Alinisikiliza vizuri, maana hakuwa na kazi nyingine. Kisha akafikiri sana na kuniuliza: ikiwa karatasi isiyo na sahihi inaweza kufunga mji, kwa nini isiweze kufungua noti? Mtu si aandike tu kwamba kuanzia Jumatatu dola zilizopasuka zinapokelewa Butembo nzima?

Nikamwambia ashushe sauti. Katika hizi siku 30 zetu, kuandika trakti ni jambo la kukupeleka mahali ambapo hata noti nzima haisaidii. Mimi ni mtu wa sheria, nina familia, nina mpwa wa kulipiwa. Siandiki kitu na simtumi mtu.

Nasema tu kwamba ikitokea karatasi kama hiyo ikaokotwa uani alfajiri, iwe na makosa machache ya tahajia ili watu waiamini. Mimi nitakuwa wa kwanza kwa mama muuza unga na noti yangu ya 20, na akininyanyulia macho nitamwambia kwa upole kwamba mimi mwenyewe nilikuwa na wasiwasi nayo, ila wengine wamekubali.